Shemine tatu za Shenyang

Mwezi wa saba, asubuhi, baridi ile yetu ya Lubumbashi yenye kukausha midomo. Delestaji, yani mgao wa umeme, ilikuwa imetukata tangu saa mbili, jenereta haina mazutu, sa tukatoka wote tukakaa nje kwenye jua. Mi ni fundi wa umeme, natumika kwenye atelie moja ya Wachina hapa mjini, tunatengeneza mota na pompi za migodi. Pale tunapokaaga unaona vizuri terili, ule mlima mweusi wa mabaki ya shaba, na pembeni yake shemine yenyewe, lile bomba refu la moshi. Sisi wa hapa tumezaliwa tumeikuta, wala hatuiangalii tena. Lakini Shifu alikuwa anaiangalia, sigara imemwishia mkononi bado anaiangalia tu.

Shifu si jina lake, ni neno la kwao la kumuita fundi mkubwa, yule anayekufundisha kazi, na kwenye viwanda vya kwao kila mtumikaji mzee anaitwa hivo. Ana miaka kama hamsini na kitu. Anaongea Kiswahili cha atelie, maneno kama mia mbili hivi, yanayobaki tunatumia telefone inatafsiri.

Akaniambia, "Kwetu tatu. Zote tatu, bum, chini."

Nilifikiri anaongelea vita. Nikamuuliza vita gani, akacheka akatikisa kichwa, akachukua telefone akaandika maneno marefu, na toka siku ile mi na yeye tumeongea hii habari labda mara ishirini, nyingine nimeenda kutafuta mwenyewe usiku nikisoma, na leo nataka niiandike juu naona watu wetu wanaongea juu ya China kila siku na hii sehemu haimo kabisa kwenye maongezi yao.

Shifu ni mtu wa Shenyang, mji mkubwa wa kaskazini mashariki ya China, kule baridi inashuka mpaka digri ishirini chini ya ziro. Kuna mtaa unaitwa Tiexi, maana yake magharibi ya reli. (Nilivyosikia hilo jina nilifurahi sana, juu na hapa kwetu mtu akikuelekeza njia lazima reli iingie ndani.) Kwenye huo mtaa kulikuwa na kiwanda cha kuyeyusha madini kilichoanza mwaka 1936, wakati Wajapani walikuwa wamechukua eneo lile lote wakalifanya kama inchi ya pembeni wakaliita Manchukuo. Shaba, risasi, zinki, dhahabu, feza, vyote vilitoka pale. Wajapani wakashindwa vita 1945, Chama cha Kikomunisti cha Mao kikachukua inchi 1949, kiwanda kikaendelea. Kikafungwa mwaka 2000, na mwaka 2004 zile shemine zake tatu, kila moja mita mia, zikalipuliwa kwa baruti mbele ya watu. Baba yake Shifu alitumika chini ya hizo shemine miaka 31.

Shaba. Unaelewa kwa nini nilinyamaza. Shaba ya hapa Lubumbashi ilianza kuyeyushwa 1911, na baba yangu naye alikuwa mtu wa shaba, kwenye kampuni moja kubwa ya serikali. Mi nimezaliwa kampi, ndani ya nyumba ya kampuni, kwenye maternite ya kampuni. Kalasi ya kampuni, opitali ya kampuni, bola tulicheza kwenye kiwanja cha kampuni, na mwisho wa mwezi mama anaenda kwenye foleni ya posho anarudi na mfuko wa unga kichwani na samaki na mafuta. Hata mutu akikufa, sanduku linatoka kampuni. Baba mpaka leo ukimuamsha usiku wa manane anakutajia matrikule yake bila kukosea namba hata moja.

Nikamueleza Shifu hayo yote. Akanisikiliza mpaka mwisho kisha akasema neno moja: danwei.

Danwei maana yake ni kitengo, yani pale unapotumika, lakini kwa mtu wa mjini China toka miaka ya hamsini mpaka ya tisini hilo neno lilibeba maisha mazima. Danwei inakupa nyumba, inakupa daktari, inasomesha watoto, ina kantini na bafu ya kuogea wote, inakulipa ukizeeka. Ukitaka kuoa, unaenda danwei wakuandikie karatasi. Kazi ni ya maisha, huwezi kufukuzwa hivihivi, na mara nyingi ukistaafu mtoto wako anashika nafasi yako. Walikuwa wanaita bakuli la chuma, yani bakuli la wali lisilovunjika hata likianguka.

Na kaskazini mashariki ndo palikuwa moyo wa hiyo mambo. Mpango wa kwanza wa miaka mitano, 1953 mpaka 1957, Urusi ya Kisovieti ilisaidia miradi mikubwa 156 na mingi iliwekwa kule: chuma ya Anshan, malori ya Changchun yaliyoanza kutoka 1956, mashine za Shenyang. Mafuta ya Daqing yakapatikana 1959. Mtumikaji wa kule alikuwa mtu wa heshima, gazeti zilimuita bwana wa inchi, wasichana walitaka kuolewa na mtu wa kiwanda. Kama kwetu kabisa! Mama yangu anasemaga wakati ule kijana wa kampuni akija kuposa, wazazi hawaulizi hata kabila.

Lakini sitaki niandike kama kwamba kila mtu alikula kwenye lile bakuli. Wachina wengi wakati ule walikuwa wakulima, na mkulima hakuwa na danwei. Toka 1958 kulikuwa na sheria ya hukou, karatasi inayosema wewe ni mtu wa kijiji au wa mji, na wa kijiji haruhusiwi kuhamia mjini hivihivi, na chakula cha mji kilitoka kwake kwa bei ambayo serikali imepanga. Mwaka huohuo Mao akaanzisha ile Mbio Kubwa, wakulima wakawekwa kwenye komuni, wakaambiwa wayeyushe chuma kwenye matanuru ya uwani, wakubwa wakaandika mavuno ya uongo, serikali ikachukua nafaka kwa kufuata ule uongo. 1959, 60, 61, watu wakafa na njaa. Wanaohesabu wanatofautiana, kuna wanaosema milioni 15, kuna wanaofika milioni 45, na hata ukishika ile ndogo ni watu wengi kuliko akili inavyoweza kubeba, na wengi wao walikuwa ndo hao hao waliolima. Yani bakuli la chuma la mji lilikuwa na mtu chini analishika kwa mikono, na huyo mtu hakuwa na kitu ndani ya bakuli. Na sisi tuliokula posho kampi, tuliwahi kujiuliza wale wa vijiji waliotuletea mahindi walikuwa wanaishi namna gani? Mi sikuwahi.

Mapinduzi ya Utamaduni, ile vurugu ya kisiasa aliyoianzisha Mao, 1966 mpaka anakufa 1976, nitapita haraka. Vijana kama milioni 16, 17 hivi wa mijini walipelekwa vijijini wakalime, mama yake Shifu alikuwa mmoja wao, akarudi Shenyang bila kumaliza shule, ndo danwei ikamchukua kiwanda cha kushona. Hilo liweke akilini, juu litarudi.

Sasa kuanzia 1978 hapo kila mtu anajua, au anafikiri anajua. Deng Xiaoping kiongozi mpya, mageuzi, kule Anhui wakulima 18 wa kijiji cha Xiaogang waliweka vidole kwenye karatasi kwa siri wagawane mashamba kila mtu alime la kwake, Shenzhen na miji mingine mitatu ikafunguliwa 1980 kwa pesa za nje, viwanda vya nguo na redio vikaota kama uyoga. Njaa ikaisha, na hii ni kweli kubwa, sitaipunguza. Watu wengi sana walitoka kwenye umaskini na Shifu mwenyewe anasema hivo.

Lakini viwanda vile vya zamani vya serikali vilikuwa vinakufa polepole. Mashine za Warusi zimezeeka, bei ya kuuzia wamepangiwa, na huku chini kusini watu wanatengeneza kitu kilekile kwa bei ndogo juu hawana opitali ya kulisha wala wazee elfu tatu wa pensheni. Kiwanda A kina deni la B, B ana deni la C, C ana deni la A, wote hawalipani, wakaita deni la pembe tatu. Benki zilikopesha juu serikali imesema zikopeshe. Hata mwaka 1986, mwezi wa nane, palepale Shenyang kiwanda kimoja kidogo cha vifaa vya kuzuia mlipuko kikatangazwa kimefilisika, cha kwanza kutangazwa hivo toka 1949. Watu hawakuamini. Kiwanda kinafilisika namna gani, serikali si ndo yenye pesa? Baba yangu alisema maneno hayohayo, kwa sauti hiyohiyo, miaka mingi nyuma pale sebuleni kwetu.

Kisha ikaja kwa nguvu. Kongamano la chama la 1997, na Zhu Rongji akawa waziri mkuu 1998, akajipa miaka mitatu kuyatoa makampuni ya serikali kwenye shida. Maneno yao yalikuwa kamata makubwa, achilia madogo. Makubwa yenye faida serikali ikayashika, madogo yakauzwa, yakaunganishwa, yakafungwa, na kuna sehemu nyingi meneja mwenyewe ndo alinunua kiwanda kwa bei ya kutupa. Mwaka 1995 waliotumikia serikali mijini walikuwa kama milioni 112. Mwaka 2002 walibaki kama milioni 71. Waliotolewa viwandani wanahesabiwa zaidi ya milioni 25. Sa chukua Kongo yote ya miaka ile, uhesabu watu wazima tu wenye kuweza kazi, ndo utapata picha kidogo.

Na hawakusema kufukuzwa. Walisema xiagang, yani umeshuka kwenye nafasi. Umeshuka tu, jina lako bado liko kwenye kitabu, unapewa pesa kidogo ya kuishi kwa muda, mpaka miaka mitatu, kisha basi. Wengine wakanunuliwa miaka yao, hilo ndo neno lao kabisa: umetumika miaka ishirini, wanapiga kila mwaka kwa kiasi fulani cha pesa, wanakupa yote mara moja, unaweka sahihi, wewe na danwei mmemalizana. Shifu alivyoniandikia hilo kwenye telefone nilisoma mara mbili. Dekonti! Ni dekonti finali ile ile, malipo ya mwisho ya kuachana na kazi! Baba yangu naye walimpigia hesabu ya miaka, wakampa bahasha, akaweka sahihi na peni ya kampuni, na ile peni wakamwambia airudishe. Ile pesa ilikaa miezi saba. Alinunua friji, alinunua gari kuukuu atie kwenye teksi, gari likakufa, friji tukauza. Na katikati ya hapo watu wawili kwenye avenue yetu walikufa, hakuna aliyewaua, walikaa tu kwenye kiti mbele ya nyumba kila siku mpaka siku moja hawakutoka nje.

Shifu alisema baba yake miezi minne aliendelea kuamka saa kumi na moja, anavaa, anapanda baiskeli mpaka kwenye geti ya kiwanda. Anasimama. Anarudi.

Kuna waliokataa kunyamaza. Mwezi wa tatu 2002, mji wa Liaoyang, si mbali na Shenyang, watumikaji wa kiwanda cha feroaloyi, yani chuma iliyochanganywa na metali nyingine, waliodai mishahara na pensheni na waliosema wakubwa wamekula mali ya kiwanda, waliingia barabarani kwa maelfu, na wa viwanda vingine wakawafuata. Viongozi wao wawili, Yao Fuxin na Xiao Yunliang, wakakamatwa, mwaka 2003 mmoja akapewa miaka saba jela na mwingine minne, kosa ni kutaka kuangusha serikali. Mwezi uleule wa tatu 2002 kule Daqing, kwenye mafuta, watu makumi elfu waliokuwa wameuza miaka yao walijazana barabarani juu ya michango ya pensheni na pesa ya kupashia nyumba moto. Mimi haya sikuyajua mpaka mwaka huu. Nilikuwa nafikiri Mchina anaambiwa fanya hivi anafanya, basi.

Sa nifike kwenye kile kinachoniuma. Jioni ukikaa na watu kwenye komini za Kenya au Katuba hapa mjini, mazungumzo yakifika kwa Wachina, lazima mmoja atasema: "Bale batu balifunga mukanda miaka makumi tatu, siye tunapenda raha, njo maana." Wote wanakubali kwa kichwa. Hata mi nilikuwa nakubali. Leo namuuliza: mkanda ulifungwa kwenye kiuno cha nani? Juu si Wachina wote waliofunga. Kuna mama wa miaka arobaini wa Shenyang aliyefunga, na kuna meneja aliyenunua kiwanda chake siku hiyohiyo akafungua mkanda tundu mbili. Kwao kuna jina la wale walioumia zaidi, wanaitwa arobaini-hamsini: mama aliyepita miaka 40, baba aliyepita 50, wazee sana kwa kazi mpya, vijana sana kwa pensheni. Na wanawake ndo walitangulizwa kushushwa. Na kumbuka, ni watu walewale ambao walikuwa watoto wakati wa njaa, wakaanza shule zikafungwa, wakapelekwa kulima, wakarudi wakapewa kazi ya maisha, halafu maisha yakakatwa katikati.

Simlaumu Zhu Rongji kwa kila kitu. Nimefikiri sana na naona viwanda vingi vile visingepona, kile cha kuyeyusha kilikuwa kinatapika moshi wa risasi juu ya watoto, Shifu anasema theluji ya mtaani kwao haikukaa nyeupe siku mbili. Na lazima niseme, wenzetu walikuwa na vitu ambavyo sisi hatukuwa navyo. Nyumba za danwei waliuziwa wapangaji kwa bei ndogo, wengi walibaki na paa. Mwaka 1999 ikatoka sheria ya pesa ya chini kabisa kwa familia maskini za mjini, na miaka mitatu baadaye ilikuwa inafikia watu kama milioni 20. China ikaingia kwenye shirika la biashara la dunia mwezi wa kumi na mbili 2001, kazi za kusini zikafumuka, mtoto wa mtumikaji alikuwa na pahali pa kwenda hata kama ni mbali siku mbili kwa treni. Shifu alienda. Mtoto wa mtumikaji wa kwetu alienda wapi? Alishuka kwenye shimo na sururu, akachimba kwa mkono madini ambayo baba yake aliyachimba na mashine. Marafiki zangu wa kampi, nusu yao. Hiyo ndo tofauti ninayotaka watu waongelee wakikaa pale jioni, habari ya raha na uvivu waiache.

Juzi nikamuhadithia mama yote hii. Alikuwa anakaanga mikate uwani, kama anavyofanya toka mwezi ule pesa ya dekonti ilipoisha, saa kumi usiku anaamka kukanda, na hiyo mikate ndo imenisomesha mpaka nikapata diploma ya umeme. Nikamwambia mama yake Shifu naye walimshusha kwenye kiwanda cha kushona, akaanza kukaanga mikate ya asubuhi kando ya barabara, mirefu kama vijiti, watu wanakula na maziwa ya soya. Kwenye ile baridi ya theluji.

Mama akageuza mikate, akauliza, "Mu ule unga alikuwa anatiaka nini? Levire?" Levire ni hamira.

Sikujua. Kesho yake nikamuuliza Shifu, naye hakujua, akapiga video palepale atelie. Kule ilikuwa jioni. Akatokea mama mzee wa nywele nyeupe fupi, ameshika telefone karibu sana unaona paji la uso tu, wakaongea muda mrefu kwa sauti ya juu, kisha Shifu akaandika: shabu, magadi na chumvi. Unga unalala usiku mzima.

Nikampelekea mama jibu.

"Shabu? Ile ya kusafisha mayi?"

"Ndio, mama."

Akafikiri. "Juu ya mikate ivimbe bila levire, eeh. Levire ni bei." Akafuta mikono kwenye kitenge. "Muulize tena, kwa kilo moja ya unga alikuwa anatia ngapi, na ile yenye haikuuzwa alikuwa anaifanya nini."